Tafsiri ya Neno Moja

Kampuni ilituma kitabu cha mafunzo, kurasa themanini,
na meneja akakiweka mezani kwangu:
"Bitaliho, wewe ndiye mwenye Kiswahili. Litafsirie tawi."

Nilianza vizuri. Benki ni benki. Malipo ni malipo.
Leja nikaiacha leja, maana hata muuza mawese wa Katubuka
anayo yake, daftari la mistari lililolowa mafuta
mpaka deni la ukurasa wa pili
linasomeka kupitia ukurasa wa kwanza.
Ukurasa wa tatu ndipo nilipokwama.

Mnyororo, alisema Lusajo, injinia wao,
kijana mpole, viatu vyeupe
vilivyokwisha kuonja udongo wa Mwanga.
Kila muamala umefungwa kwenye uliotangulia,
huchomoi mmoja bila wote kupiga kelele.
Mnyororo wa bloku. Rahisi. Andika.

Nikamwambia, mimi ni mtu wa Ujiji.
Kwetu neno hilo limewahi kuvaliwa shingoni.
Bibi yake mama yangu hakulitamka maisha yake yote;
hata wa mbwa aliuita kamba,
nao ulikuwa wa chuma.
Lusajo akanyamaza. Akafuta ubao kwa kiganja,
akabaki ameshika kalamu
kama mtu aliyekanyaga kaburi gizani.

Jumamosi mvua ikafukua uani kwa shangazi Sikitu
shanga mbili za sofi,
nyeupe, fupi, mfano wa vipande vya bua.
Hizi zilikuwa fedha hapa, kabla ya rupia.
Zilitungwa kete, kete zikafungwa fundo,
na muuza chumvi kutoka Uvinza
alizipitisha kwenye kidole gumba, moja moja, macho kafumba,
akikuta yenye ufa anarudisha uzi mzima.

Nikaandika: utungo.
Kwa sababu shanga hutungwa, na migebuka hutungwa,
mimba hutungwa,
na uongo nao hutungwa,
ila hilo sikumwambia Lusajo.

Kuna jambo jingine halimo kitabuni.
Miaka kumi na mmoja, kila saa kumi na moja jioni,
nimempigia Kaneza wa benki ya Bujumbura.
"Lako linasemaje?"
"Milioni nne na laki mbili."
"Langu limepungua elfu tisa."
Basi tunaitafuta elfu tisa,
watu wawili na sindano moja kwenye mkeka,
yeye kwenye ncha ya ziwa, mimi ubavuni.
Mara ni tarakimu zilizopishana. Mara ni karani mwenye homa.
Kifo cha mume wake nilikijua
kwa sifuri moja iliyozidi.
Uso wake sijauona mpaka leo.

Jumatatu mfumo ukawashwa.
Hela za dagaa wa Feza, yule wa Kibirizi,
zilizokuwa zikilala njiani siku tatu,
zilifika kabla hajamaliza kujifunga kitenge.
Akaitazama simu. Akatutazama sisi.
"Nani amezihesabu?"
"Pande zote, mama," Lusajo akajibu. "Wote wanaona kitu kimoja."
"Mmoja akidanganya?"
"Wengine wanamkataa."
Feza akatafakari.
"Kumbe ni kama wakwe," akasema, akaondoka.

Saa kumi na moja vitabu vilikuwa vimelingana.
Hakikupungua kitu, hakikuzidi kitu.
Dirishani boti za Burundi zilikuwa zikipakia,
watu wakigombana kwa sauti juu ya gunia moja,
nami nimekaa na mikono yangu.

Nikainua simu.
"Kaneza," nikasema, "huko mvua imenyesha?"
Kimya. Kisha nikasikia kiti kikisogezwa.
"Subiri," akasema, "niangalie."