Hatua Sabini

Sabuni niliinunua Wandegeya,
kipande cha kijani kisicho na harufu,
na karatasi yake imeandikwa: *Huoza.*
Neno hilo nililipandisha mlimani kama kibali.

Siku ya pili, juu ya Ibanda,
matope ya Rwenzori yalikuwa yamenifika mapajani.
Nilipouona Mubuku ukirukaruka mawe
sikumwuliza mtu. Nilivua viatu,
nikaingia hadi magotini, nikajisugua
shingo, kwapa, visigino,
na povu likaniaga kwa adabu,
likapenya kati ya mawe mawili,
likaota mkia mweupe, likaenda zake.

Kyakimwa, mpishi wetu, alikuwa kando kule juu,
mbali na maji, akisugua sufuria ya maharage
kwa mchanga na konzi ya majani.
Hakunigombeza.
"Hilo povu lako, unajua linakwenda kwa nani?"
Nikamwonyesha karatasi. Inaoza, nikasema.
"Inaoza. Hata ng'ombe huoza.
Utamtumbukiza mtungini?"

Akashuka, akainua jiwe kutoka mtoni, akaligeuza.
Chini yake vidudu vyembamba, mikia mitatu mitatu,
vimeng'ang'ania kama abiria wasio na nauli.
"Hawa," akasema, "hawajui kusoma."
Akalirudisha jiwe vilevile lilivyokuwa, taratibu,
kama mtu anayefunika mtoto.

Huko chini, saa hiyohiyo,
wifi yake Ithungu hushuka na dumu la manjano
kuteka maji ya uji.
Hilo alilisema akiwa ameshanipa kisogo.

Jioni nilijaza sufuria, nikahesabu
nikiupa mto mgongo: moja, mbili,
nikateleza kwenye mzizi nilipofika arubaini na moja,
maji nusu yakaninywea suruali,
nikarudi, nikaanza upya.
Sabini. Kyakimwa alinipa kijiti.
Shimo lenye kina cha shubiri moja,
sabuni kiasi cha punje ya harage, si zaidi,
na maji machafu yote humo.
"Udongo una meno," akasema.
"Mto una miguu tu."

Usiku ulinyesha mvua ya kule, ile isiyoomba ruhusa.
Asubuhi nilikwenda kulitazama shimo langu:
jani moja, siafu wachache wenye shughuli zao,
na harufu ya msitu, basi.

Sasa nimerudi Kampala.
Kile kipande bado kipo, kimebaki kama ukucha,
juu ya kisosi dirishani.
Naoga, nasikia maji yakigugumia ukutani,
na leo asubuhi, taulo kiunoni,
nilitoka nje nikapima kwa miguu
kutoka bafuni hadi mfereji unaokwenda Nakivubo,
na kutoka hapo, najua, ziwani.

Hatua nne.
Nilisimama pale, mguu mmoja una povu,
jirani akiniuliza kama nimepoteza kitu.