Sentensi Moja ya Baba

Dada yangu Nazaria alirudi bondeni na kamera ya kuazima,
watu wanne, siku tisa, pesa ya mahindi na maharage tu.
Alitaka filamu yake ipigwe nyumbani, huku Oaxaca,
katika karakana alimofuma babu wa babu,
na babu, na baba, na mimi nikipata nafasi.

Mimi nilipewa fimbo ndefu yenye maikrofoni nchani.
"Shika, Hermelinda. Usipumue."
Nikashika. Mkono ukafa ganzi. Nikayasikia yote:
mbwa wa jirani, kengele ya muuza gesi,
tumbo la mpiga picha aliyeamka bila chai,
na kitanda cha mfumi kikilia chini ya mguu wa baba,
kwaa, kwaa, kama mlango usioamua.

Hadithi ilikuwa fupi. Binti wa mfumaji
anampenda msichana auzaye maua sokoni Tlacolula.
Baba mtu anajua. Baba mtu anasema sentensi moja.
Binti anaondoka na mfuko, na donge la uzi mwekundu.

Hakuna aliyesema kwamba ndio sisi.
Ila aliyeshika kibao cha kuhesabia, kiatu kimetoboka kidoleni,
alikuwa Odilia, na nywele zake bado
zilinuka maua ya ndoo.

Mwigizaji wa mjini alikuja, akaketi kitandani, akakata nyuzi tatu.
Mtande humjua mwongo.
"Basi nitakaa mimi," akasema baba,
na Nazaria akatazama chini, akahesabu vigae.

Tulipokuwa wadogo alitufundisha rangi:
wadudu wa mpungate, wakavu, kijivu kama majivu,
unawasaga kwa jiwe, unapata damu.
Kamulia ndimu, damu inakuwa moto.
Nyunyiza chokaa, inakuwa zambarau ya Ijumaa Kuu.
Nilimuuliza ipi ni ya kweli.
Akanipa kitambaa nifute mikono.

Sentensi ilikuwa hii: *Humu ndani huna uzi.*
Miaka saba nyuma niliisikia nikiwa jikoni,
tortilla ikaungua juu ya kikaango na sikuigeuza.
Sasa ilikuwa imechapwa, mstari wa nne, ukurasa wa thelathini.

Mara ya kwanza alikohoa.
Mara ya pili mbwa.
Mara ya tatu akaomba miwani,
yeye ambaye hufuma gizani kwa vidole.
Mara ya nne alifika kwenye "huna", akanyamaza,
akaondoa kipande cha sufu midomoni ambacho hakikuwapo.
Mama Crescencia alipita uani na ndoo tupu,
akapita tena, na ndoo ile ile tupu.

Mara ya tano, binti wa filamu akasimama mlangoni na mfuko.
Baba hakumtazama.
Alimtazama aliye nyuma ya kamera.
"Umekula?" akasema.

Nazaria hakusema kata.
Odilia hakupiga kibao.
Mguu wa baba ukarudi chini, kwaa, mshindio ukapita,
taa nyekundu ya betri ikapepesa, ikazimika.

Hatukukumbatiana. Usidhani.
Jioni tulikula maharage, na chumvi ilizidi.
Baba akamwita Odilia, "Wewe wa kibao, njoo,"
akampa jiwe na kiganja cha wadudu,
akamwonyesha jinsi ya kusaga bila kulaani bega.
Jina lake hajalitamka mpaka leo.

Filamu ilionyeshwa kwenye uwanja wa kikapu,
juu ya shuka mbili zilizoshonwa pamoja.
Watu walisema mwisho haueleweki:
mzee anauliza chakula, halafu giza.
Padri aliondoka mapema, au alikuwa na harusi ya mtu, sijui.

Ukiitazama siku moja, ongeza sauti hapo kwenye giza.
Kuna mtu anavuta kamasi.
Waliniambia nisipumue.