Kiwanda cha Hariri, Ukingoni mwa Adda

Ersilia amekuja na baiskeli ya kukodi,
kofia ya plastiki inambana masikio.
Miaka themanini na miwili. Mjukuu anacheka.

Hapa penye bembea palikuwa na masufuria ya shaba,
maji yakitokota tangu alfajiri,
na wasichana wakitumbukiza vidole
kusaka ncha ya uzi kwenye kifukofuko.
Mama yake alianza na miaka kumi na mmoja.
Jioni hakuweza kufunga kifungo cha gauni;
alifungiwa.

Kibao cha hifadhi kinataja mwaka,
jina la tajiri, urefu wa bomba la moshi.
Vidole havimo.

Bomba lingalipo. Korongo wamejenga juu yake.
Chini watu wanachoma soseji,
mitumbwi ya manjano inateremka na mkondo,
na Oreste, mlinzi, anapuliza kipenga:
“Ukutani hapapandwi!”

Ersilia anapita ukuta, taratibu, kiatu baada ya kiatu.
Oreste anageuka, anahesabu mitumbwi.

Anachutama. Anazamisha mkono hadi kifundo,
anauacha humo kitambo.

“Nonna, unatafuta nini?”

Maji ni baridi.
Hilo tu.