Kielelezo Namba Moja

Nilikipokea mimi, karani, kwa saini na tarehe:
ching'anga kimoja, ngozi ya paa,
kidonge cha nta nyeusi katikati,
mali ya Shule ya Msingi Nambunda.
Nikakifungia kabatini
kati ya msumeno wa magendo na madumu mawili ya gongo.

Shauri lenyewe ni hili.
Asubuhi ya mashindano ukungu ulipanda kutoka bondeni Ruvuma,
ukaikalia Newala mpaka saa nne.
Ngozi zikalegea.
Watoto wakaingia uwanjani, wakawasha nyasi,
wakaziotesha ngoma zao moto,
na jaji wa meza ya pili akabonyeza saa.

Kanuni ya sita: kila kundi dakika saba.
Saba zikaisha Hawetu Nankoma mguu mmoja ungali juu.
Wakakatwa alama tano.
Wakashindwa kwa mbili.

Rufaa ya kwanza ilikula ada, elfu hamsini.
Ya pili, mkoani, ilirudi na muhuri, haina maneno.
Ndipo wazazi wakachanga fedha za korosho
wakamleta wakili Mpeluka kutoka Masasi,
suti ya kijivu, vumbi jekundu hadi magotini,
akasimama na swali moja tu:

Mheshimiwa, ngoma huanza lini?

Jaji wa meza ya pili akasema: wachezaji wakionekana.
Mwalimu Nachilima akasema: ikilia.
Hawetu, miaka kumi na miwili,
hakuapa; aliahidi kusema kweli, kisha akasema:
"Ikipata joto. Kabla ya hapo ni gogo."
Nikaandika gogo.
Hakimu akaniomba nimsomee tena.

Basi tuisikie, akaamuru.
Nikafungua kabati.
Hawetu akapiga kwa viganja vyote viwili:
pu.
Pu, kama ndala kwenye matope.
Mpeluka akaomba moto kidogo, nyasi za mkono mmoja.
Wakili wa Serikali akainuka:
moto hauruhusiwi ndani ya jengo la mahakama.
Pingamizi likakubaliwa.

Hukumu ilikuwa kurasa nne, nilizichapa mwenyewe.
Mahakama haina mamlaka ya kujumlisha alama za majaji wa sanaa;
na hata ingekuwa nayo,
walioshinda walishakwenda taifa, wakatolewa, wakarudi,
wakafanya mitihani ya muhula.
Shauri linatupwa.
Kila upande ubebe gharama zake.

Hawetu akabeba ching'anga.
Alitia saini kwa herufi za kuchapa, akisahau n moja ya Nankoma,
akairudia pembeni.

Nyuma ya jengo, karibu na choo cha mahabusu,
niliona moshi.
Ningepaswa kwenda kukataza.
Nikasimama dirishani nikitazama saa yangu,
sijui kwa nini.
Dakika nne na sekunde kumi,
kisha kikalia,
na kule ndani mtu wa kesi ya bangi
akaitikia kwa kiganja ukutani.

Dakika nne na sekunde kumi.
Sikuandika popote.
Faili lilikuwa limeshafungwa.