Nusu ya Uso

Miodragi alizikataa taa zetu tatu za kukodi.
"Zirudisheni Igogo," akasema kwa Kiswahili cha wiki sita,
"uso ukionekana wote, umekwisha."

Mimi Ng'wigulu, fundi simu wa Mabatini,
nilimbebea ubao mweupe wa kurudisha jua.
Siku nzima tulikaa juu ya jiwe, Kirumba,
tukingoja wingu.
Lilipofika, akalikataa nalo.

Alianza na harusi za kwao kando ya Danubi,
kisha kiwanda cha sukari, kisha vita,
ambako alijifunza kupiga picha za milango tu.
Sikuuliza nyuma yake alikuwepo nani.

Usiku wavuvi wa dagaa wakawasha taa ziwani,
mia, mia mbili, kama mji uliohama.
Hakuzitazama. Aligeuza kamera
kwa Kabula, aliyekuwa akihesabu noti mchangani,
taa ya mtumbwi wa mwisho ikimlamba shavu moja.

Dakika nne. Hakuna aliyekohoa.

Filamu yenyewe sijaiona mpaka leo.
Ila nikifungua simu ya mtu dukani
huigeuza taa kwanza, itazame ukuta.
Wateja huuliza kama naona.
Naona.