Aya Alizozifuta Wakili

Mimi, Thilagavathi binti Ponnusamy,
mkutubi, umri miaka arobaini na sita,
mkazi wa Rasipuram, mtaa wa nyuma ya soko la samli,
naapa na kutamka kama ifuatavyo:

Kwamba chuo hakijanilipa miezi kumi na minne.
(Hii ameiacha.)

Kwamba katika miezi hiyo niligonga muhuri wa tarehe
kwenye vitabu elfu tisa na ushei,
na kila aliyechelewa kurudisha nilimtoza rupia moja kwa siku,
hata yule kijana wa Dharmapuri aliyelazwa kwa homa ya dengi,
kitabu cha mitambo ya mvuke kikiwa chini ya mto wake.
Faini nikaikabidhi kwa mhasibu. Risiti ninazo.
Basi nauliza: kitabu kikichelewa kina faini,
mshahara je?
(Wino mwekundu. "Mama, riba huombwa kwa kifungu,
haiombwi kwa uchungu.")

Kwamba cheti changu cha shahada, chenyewe, si nakala,
kimo kwenye kabati la chuma la mwenyekiti tangu siku niliyoajiriwa.
"Kwa usalama," walisema.
Kimekaa humo kama pete kwa mweka rehani,
ila mimi sikukopa kitu.

Kwamba kila mwisho wa mwezi tulitia saini juu ya stempu ya serikali,
mahali pa kiasi pakiwa peupe,
peupe kama wali wa matanga.
("Wali uondoke. Pengo libaki, ndilo kesi yetu.")

Kwamba Suruliraj, fundi wa maabara ya joto,
alikataa kutia saini;
asubuhi yake kiti chake kilikuwa ukumbini, miguu juu.
Kwamba mkewe sasa anavaa uzi wa manjano mtupu shingoni,
pale ilipokuwa dhahabu ya ndoa.
(Amefuta. "Hilo umelisikia. Ataapa mwenyewe."
Nimemwambia sikusikia, nimeona.
Akafikiri kidogo, akarudisha shingo, akaacha kiti.)

Kwamba mwaka huohuo lango jipya lilijengwa,
marumaru, na simba wawili.
Kwamba wakili wao alisimama kortini Salem akasema
sisi ni familia, tulijitolea.
Familia gani hiyo inayopiga kengele saa tatu kasorobo
na kukukata nusu siku kwa dakika tano?
Niliambiwa mvumilivu hula mbivu.
Nimevumilia mpaka mbivu ikaoza,
mbegu ikachipua,
na mche wenyewe sasa unanidai maji.
(Yote haya, mstari mmoja mrefu, toka juu hadi chini.)

Wakili wangu anaitwa Nachiyar. Ana miaka ishirini na saba.
Baba yake anaendesha basi la chuo; naye anadai, miezi kumi na mmoja.
Hajanitoza hata ya chai.
Anasema: "Haki yako haihitaji kupambwa.
Inahitaji tarehe."
Mimi na tarehe tunafahamiana.

Kurasa sita zikabaki moja na robo.
Nikatia saini, safari hii palipojazwa.
Karani akagonga muhuri, mkono mzito, pembeni, wino umemwagika;
nilitamani kumnyang'anya nimwonyeshe.

Jaji hakuniangalia. Alisema chuo kilete rejista ya mahudhurio,
shauri litajwe tena baada ya wiki sita.
Wakili wao akainama: rejista, mheshimiwa,
huenda imeliwa na mchwa.

Nikacheka. Peke yangu, kwa sauti. Nachiyar akanifinya.

Rejista ile niliifunga jalada kwa mikono yangu,
meza ya tatu, dirisha la mashariki,
kwa gundi ya unga niliyoipika mwenyewe.
Ndani ya unga nilitia mwarobaini.