Sifuri

Kutoka kibarazani kwangu Bugarika naliona ziwa lote
kama mtu anavyoiona sahani ya jirani.
Maji hayo hapo, yanabeba watu hadi Kamanga,
yananuka dagaa upepo ukigeuka,
na mimi nashuka ngazi mia na kumi na nane za mawe
kwenda kununua ndoo moja.

Bomba lilitufikia mwaka ule wa uchaguzi.
Koki ya shaba, zege jipya, kibao chenye majina manne,
la mgeni rasmi juu kabisa.
Wakakata utepe. Koki ikakohoa, ikatema buibui.
Tukapiga makofi hata hivyo;
tulikuwa tumeshavaa.

Ndipo akaja wakili, Kwandu Lutonja,
binti wa mshona nyavu wa Kirumba,
viatu mkononi, maana jabali letu halijui visigino.
Hakutuuliza tunadai nini.
Alifungua kompyuta juu ya ndoo iliyofudikizwa,
akatusomea hesabu za jiji:
vituo vya maji kumi na vinne, vyote vimekamilika, vyote vinatoa.
"Hesabuni," akasema.
Tukahesabu, tukarudia kwa aibu,
kana kwamba kosa ni la vidole vyetu.
Vitatu.
Kimojawapo ni hiki chenye buibui.

Akatupa namba. Ujumbe bure, hata kwa kitochi.
Kila alfajiri fungua koki, tuma tarakimu:
moja, yametoka; sifuri, hayakutoka.
Hakuna salamu, hakuna yahusu mada iliyotajwa hapo juu.
Maisha yangu yote sikuwahi kuiandikia serikali kwa ufupi hivyo.
Sifuri. Sifuri. Nikiwa na homa, sifuri.
Asubuhi ya msiba wa Shija, vidole vina unga wa uji,
sifuri.
Kwenye kioo chake zikawa nukta nyekundu,
zikaupanda mlima kama surua,
kila moja na saa yake, na jina la aliyeamka.

Tarehe tisa Machi koki ilikohoa tena,
ikatoa maji.
Ya kahawia, nusu saa tu, yenye ladha ya msumari,
lakini maji.
Minza akanishika mkono:
"Hiyo usitume. Utatuharibia kesi."
Nikasimama, kidole juu ya kitufe,
hadi ndoo ikafurika miguuni.
Nikatuma moja.
Usiku sikulala. Nilijiona msaliti mwenye ndoo iliyojaa.

Mahakamani wakili wa jiji alikuja na tai ya rangi ya ziwa.
"Shahidi, hizi sifuri ulifundishwa, sivyo?
Na mashine hainywi maji. Itaijuaje kiu?"
Watu wakacheka kidogo. Na mimi nusura nicheke.
Kwandu hakupaza sauti.
Alimgeuzia jaji kioo: sifuri mia mbili na sita,
na katikati yake, kijani, peke yake
kama mche uliootea ufa wa jiwe,
ile moja yangu.
"Mheshimiwa Jaji, aliyefundishwa uongo,
hii ameitoa wapi?"

Feni ya dari ikasikika.
Wakili wa jiji akaomba muda wa kupitia nyaraka.
Akapewa hadi mwezi wa tisa.

Kwa hiyo sina hukumu ya kuwasimulia.
Kibao kimepakwa rangi upya, hilo tumeliona.
Jumamosi Kwandu hupanda, hukaa juu ya ndoo,
hula muhogo wa kuchoma, simu zake mbili zikilia.
Moja huitazama tu mpaka inyamaze.
Hatumuulizi. Minza humsindikiza hadi barabarani,
siku hizi na mwanawe mkubwa.

Leo saa kumi na moja na robo.
Chaji imebaki kijistari kimoja.
Huko chini karabai za wavuvi zinazimwa.
Nafungua koki. Nasubiri kidogo,
maana hata koki ina haki ya kusikilizwa.
Natuma.